Waandishi wa Nyumba ya Uhai: Suala la Istilahi katika Historia ya Misri ya Kale

Utangulizi

Msomaji wa Biblia ya Kiswahili ya Tafsiri ya Union anapofika sura ya 41 ya kitabu cha Mwanzo, hukuta kwamba Farao alipofadhaishwa na ndoto zake aliwaita waganga wote wa Misri. Akiendelea hadi sura ya 7 ya kitabu cha Kutoka, huwakuta waganga hao tena, safari hii wakishindana na Musa na Haruni. Neno mganga humfanya msomaji wetu amwone mara moja mtu anayemjua: mtu wa mizizi na majani, wa kupiga ramli, wa kupunga pepo. Lakini neno la Kiebrania lililotafsiriwa hivyo, yaani hartumim, aghalabu huhesabiwa na wataalamu kuwa neno la kukopa. Asili yake ni cheo cha Kimisri, hery-tep, maana yake "mkuu", ambacho ni ufupisho wa cheo kirefu zaidi cha kuhani mkuu msomaji wa hati za ibada. Basi watu walioitwa na Farao walikuwa, kabla ya jambo lingine lolote, watu wa kalamu.

Makala haya yanakusudia mambo mawili. La kwanza ni kueleza kwa ufupi historia ya waandishi hao, ambao jamii yao iliamini kwamba maandishi yao hayakueleza mambo tu, bali yaliyafanya yawe. La pili ni kuwauliza wafasiri, walimu na watumishi wa serikali tuwaite kwa neno gani katika Kiswahili. Hilo si suala dogo. Jina tunalompa mtu wa historia ndilo linalomwambia mwanafunzi amheshimu, amwogope au amcheke kabla hajasoma habari zake.

Karani na Mwandishi

Tuanze na neno lao wenyewe. Mmisri wa kale alimwita mwandishi sesh, na alama ya neno hilo ilikuwa picha ya vyombo vyake vya kazi: kibao chenye vishimo viwili vya wino, mweusi na mwekundu, kifuko cha rangi au kichungi cha maji, na bweta la kalamu za tete. Maandishi yenye tarehe za mapema kabisa katika nchi hiyo yametoka katika kaburi moja la watawala huko Abydos, la mnamo mwaka 3200 K.K. Nayo ni vibandiko vidogo vya mfupa na pembe vilivyofungwa kwenye bidhaa. Hivyo kalamu ya Misri ilianza na ghala, si na hekalu. Wengi wa masesh walibaki na kazi hiyo katika muda wote wa miaka elfu tatu iliyofuata: kupima nafaka, kuandikisha ng'ombe, kutoza kodi, kugawa posho za wafanyakazi.

Wataalamu wamekisia kuwa waliojua kusoma na kuandika walikuwa kama mtu mmoja tu katika kila watu mia. Kwa hiyo si ajabu kwamba wanafunzi wa uandishi waliandikishwa, kama zoezi la hati, maneno ya kusifu kazi hiyo na kudharau kazi ya mfinyanzi, dobi na mkulima. Kwa watu wa namna hii Kiswahili hakina upungufu. Neno karani, lililotufikia kwa biashara ya Bahari ya Hindi, linabeba ghala, forodha, daftari na mshahara, na linamfaa sesh wa kawaida kabisa.

Lakini Wamisri hawakuishia hapo. Maandishi yao ya picha, ambayo sisi tunayaita hieroglifi kwa kuwafuata Wayunani, wao waliyaita medu netjer, yaani "maneno ya mungu". Mungu mwenyewe alikuwa Djehuty, ambaye Wayunani walimwita Thoth, aliyechorwa kama ndege aina ya kwarara au kama nyani. Pamoja naye alikuwako mungu wa kike Seshat, aliyeandika miaka ya utawala wa mfalme juu ya majani ya mti mtakatifu. Hapa neno karani halitoshi tena. Karani huandika hesabu ya mwaka uliopita, lakini Seshat alipoandika, mfalme alipata miaka ya kutawala.

Nyumba ya Uhai

Waandishi wa namna hii ya pili walikuwa na mahali pao, paitwapo per ankh, "Nyumba ya Uhai". Ilikuwa ni idara iliyoambatana na hekalu kubwa, na humo zilinakiliwa na kutungwa hati za ibada, za tiba, za nyota, za tafsiri ya ndoto na za kinga. Haikuwa shule ya watoto, ingawa ujuzi ulirithishwa humo. Wala haikuwa maktaba tu, ingawa vitabu vilihifadhiwa humo. Jina lake lenyewe linaeleza kazi yake: kuendeleza uhai wa miungu, wa mfalme na wa nchi kwa njia ya kuandika na kusoma.

Huko Amarna, mji uliojengwa na mfalme Akhenaten katika karne ya 14 K.K., yalifukuliwa matofali yaliyopigwa muhuri wa jina la Nyumba ya Uhai. Jengo hilo lilikuwa jirani na ofisi ya barua za mfalme, ambamo zilihifadhiwa barua za wafalme wa Babeli, Ashuru na miji ya Kanaani. Inafaa watumishi wa serikali waufikirie ujirani huo. Kwa dola ile, barua ya kidiplomasia na hati ya kumlinda mfalme dhidi ya maadui wasioonekana zilikuwa kazi za ofisi mbili za serikali moja, kila moja ikiwa na taratibu zake na siri zake.

Pamoja na mwandishi wa Nyumba ya Uhai alikuwako khery-hebet, "achukuaye hati ya ibada", yaani kuhani aliyesimama na kuisoma hati wakati wa mazishi au sadaka. Mmoja aliandika na mwingine alitamka, na mara nyingi mtu huyohuyo alikuwa na vyeo vyote viwili. Hati haikukamilika mpaka isomwe, na kisomo hakikuaminika mpaka kiwe kimetoka katika hati.

Maandishi Yatendayo

Maandishi hayo yalitazamiwa kufanya nini? Mifano mitano inatosha.

Mfano wa kwanza ni wa makaburini. Juu ya mlango wa kaburi iliandikwa kanuni ya sadaka ikimwombea marehemu mikate elfu, bia elfu, ng'ombe elfu na ndege elfu. Jina la sadaka hiyo lilikuwa peret-kheru, yaani "kutoka kwa sauti". Familia ya marehemu ikifa au ikisahau kuleta chakula, maandishi yenyewe yangemlisha, mradi apatikane mpita njia anayejua kusoma ayatamke. Ndiyo maana makaburi mengi yana maneno ya kuwasihi wapita njia wasome, kwa hoja kwamba haiwagharimu kitu ila pumzi ya kinywa.

Mfano wa pili unaonyesha hofu. Katika piramidi za Saqqara, kuanzia ile ya mfalme Unas ya mnamo mwaka 2350 K.K., yaliandikwa ukutani maneno marefu ya kumvusha mfalme kwenda kwa miungu. Katika baadhi ya piramidi hizo alama za watu na wanyama zimeandikwa makusudi zikiwa na kasoro: mtu asiye na miguu, mnyama aliyekatwa, au alama ya kiumbe kuachwa kabisa na kuwekwa herufi za sauti tu. Sababu ilikuwa kwamba alama hizo zilikuwa chumbani pamoja na maiti, na mwandishi hakutaka kuacha humo kiumbe kitakachoamka na kumdhuru mfalme au kula sadaka yake. Mtu hujihadhari hivi na kitu anachokisadiki kweli.

Mfano wa tatu ni wa tiba. Katika karne za mwisho za mafarao yalichongwa mawe yenye sura ya mtoto Horus akikanyaga mamba na kushika nyoka na nge, na jiwe zima likajazwa maandishi. Mgonjwa aliyeumwa na nge alimiminiwa maji juu ya jiwe, maji yakapita juu ya maandishi, kisha akayanywa. Sanamu ya mtu aitwaye Djedhor wa Athribis, ya karne ya 4 K.K., imefunikwa kwa maandishi ya namna hiyo, na chini yake kuna beseni la kuyakinga maji.

Msomaji wa pwani yetu hatahitaji maelezo zaidi, maana atakumbuka kombe: aya zilizoandikwa kwa zafarani katika sahani nyeupe, zikafutwa kwa maji au marashi, na mgonjwa akanywa. Hatusemi kwamba kombe limetoka Misri ya Farao, wala hatuhitaji kusema hivyo. Linalotuhusu ni kwamba Kiswahili kina neno moja, fupi na linaloeleweka, kwa tendo ambalo lugha nyingine hulieleza kwa sentensi nzima. Tena, anayeandika kombe hadai kwamba nguvu ni yake; husema nguvu ni ya maneno ya Mungu. Mwandishi wa Nyumba ya Uhai naye alisema vivyo hivyo kuhusu maneno ya mungu wake.

Mfano wa nne ni wa vita. Majina ya maadui wa Misri, wafalme wa Nubia na watawala wa Asia, yaliandikwa juu ya vyungu au vinyago vya udongo, kisha vikavunjwa na kufukiwa. Vigae vya namna hiyo vilivyoko Berlin vilichapishwa na Kurt Sethe mwaka 1926, na vinyago vya Saqqara vilichapishwa na Georges Posener mwaka 1940. Vingine vingi vilifukuliwa Mirgissa, karibu na ngome ya Wamisri huko Nubia. Hapo tena Kiswahili kina neno la jirani: fingo, yaani kitu kilichofukiwa ardhini ili kulinda mji au nyumba. Tofauti ni kwamba fingo la Mirgissa lilikuwa orodha ya majina iliyotayarishwa na ofisi ya serikali, na wanahistoria wa leo wanaitumia orodha hiyo kujua ni watawala gani waliokuwako Nubia na Kanaani wakati huo.

Mfano wa tano ni kinyume cha kuandika, yaani kufuta. Kwa Wamisri jina, ren, lilikuwa sehemu ya mtu kama ulivyo moyo. Jina likiendelea kuandikwa, mtu aliendelea kuwako, likifutwa, alikoma. Akhenaten alipoamua kumwabudu mungu mmoja wa jua, mafundi walitumwa nchini kufuta jina la mungu Amun, hata ndani ya jina la baba yake mwenyewe mfalme, Amenhotep. Hatshepsut, aliyekuwa amekwisha kufa, alifutwa katika kuta nyingi mwishoni mwa utawala wa Thutmose III. Kazi hiyo ya nyundo na patasi ilikuwa kazi ya uandishi sawa na ile ya kalamu.

Kesi ya Maandishi

Jambo linaloonyesha wazi zaidi uzito wa kazi hiyo ni kesi moja ya mnamo mwaka 1155 K.K. Mfalme Ramesses III alifanyiwa njama na mmoja wa wake zake, Tiye, aliyetaka mwanawe Pentawere atawale. Kumbukumbu za mashauri zimesalia katika hati kadhaa za mafunjo, kubwa yao ikiwa ile iliyoko Turin.

Miongoni mwa washtakiwa, pamoja na maofisa wa nyumba ya wanawake na wa jeshi, walikuwamo waandishi wa Nyumba ya Uhai. Hati nyingine za kesi hiyohiyo zinaeleza sababu. Ofisa mmoja wa mifugo aliomba apewe andiko litakalomtia haiba na kutisha mbele za watu, akapewa andiko kutoka katika hati za mfalme mwenyewe. Yaliandikwa maandishi ya kuduwaza na kuvuruga, na ikafinyangwa miungu na watu wa nta ili viungo vya walinzi vilegee. Mashtaka hayakusema kwamba maandishi hayo ni ya uongo, wala kwamba kuyaandika ni ushirikina. Yalisema kwamba mali ya dola imetolewa mahali pake na kutumiwa dhidi ya dola, kama vile mtu angeiba silaha katika ghala la jeshi.

Mahakama nayo ilikuwa na kalamu. Katika kumbukumbu zake baadhi ya washtakiwa hawakuandikwa kwa majina yao. Mmoja anaitwa Mesedsure, maana yake "Ra anamchukia", na ni dhahiri kwamba hakuna mzazi aliyempa mtoto wake jina hilo. Yamkini jina lake la kweli lilikuwa Meryre, "Ra anampenda". Mwingine anaitwa Binemwaset, "mwovu katika Thebes". Karani wa mahakama aliandika hukumu ndani ya jina lenyewe. Mwaka 2012 ilichapishwa taarifa ya uchunguzi wa maiti ya Ramesses III kwa picha za tomografia, nayo ilionyesha kuwa koo lake lilikuwa limekatwa kwa kisu hadi ndani. Kumbe walioshika kalamu na walioshika kisu walikuwa katika njama moja, na mahakama iliwahukumu wote kwa kosa moja la uhaini.

Mwandishi katika Hadithi

Kama kazi hii ilikuwa na nguvu namna hiyo, haishangazi kwamba iliingia katika hadithi. Hati moja ya mafunjo ya zama za Waptolemayo, iliyoko Cairo, inasimulia habari za Setne. Huyu ni mwana wa mfalme aliyeigizwa kutokana na Khaemwaset, mwana wa kweli wa Ramesses II, aliyekuwa amefariki karibu miaka elfu moja kabla. Setne anatafuta kitabu kilichoandikwa na Thoth kwa mkono wake. Ndani ya kaburi anasimuliwa jinsi Naneferkaptah, mwandishi hodari wa zamani, alivyokipata kitabu hicho katikati ya maji ya Koptos, ndani ya masanduku yaliyotiwa moja ndani ya jingine, la dhahabu likiwa la ndani kabisa. Naneferkaptah alikinakili chote katika karatasi mpya ya mafunjo, akailoweka katika bia, akaiyeyusha katika maji, akayanywa. Na mara akayajua yote yaliyokuwamo.

Lakini hadithi haiishii katika ushindi. Thoth anashtaki kwamba ameibiwa, na mwana wa Naneferkaptah, kisha mkewe, kisha yeye mwenyewe, wote wanazama mtoni. Setne naye anachukua kitabu kwa nguvu, anafikwa na fedheha, na mwishoni analazimika kukirudisha kaburini. Fundisho lake ni lilelile la kesi ya Ramesses III: andiko lina mwenyewe, na anayelitumia bila idhini hulipa. Waliotunga na kunakili hadithi hiyo walikuwa waandishi, na bila shaka walikuwa wakionyana wenyewe kwa wenyewe.

Jinsi Majina Yalivyopotoka

Sasa turudi kwenye istilahi. Wayunani walipotawala Misri, matamko ya makuhani yalitolewa kwa lugha mbili na hati tatu. Katika tamko la Canopus la mwaka 238 K.K., na katika lile la mwaka 196 K.K. lililoko kwenye jiwe la Rosetta, waandishi wa Nyumba ya Uhai wanaitwa kwa Kiyunani hierogrammateis, yaani waandishi wa mambo matakatifu. Tafsiri hiyo ilihifadhi kalamu.

Katika karne hiyohiyo ya 3 K.K. Wayahudi wa Aleksandria walianza kutafsiri vitabu vyao katika Kiyunani. Walipolikuta neno hartumim katika Mwanzo waliandika "wafafanuzi", kwa kuwa kazi iliyotajwa hapo ni kueleza ndoto. Walipolikuta katika Kutoka waliandika neno lenye maana ya watu wa kuimba maneno ya kuroga. Cheo kimoja kimekuwa majina mawili, moja la sifa na moja la lawama, na katika yote mawili kalamu imetoweka. Ilipofika zamu ya Kiswahili, neno moja, waganga, lilitumika mahali pote pawili, na cheo cha kuandika hakikuwa na njia ya kurudi. Ama Kurani, yenyewe husema habari za watu wa sihiri waliokusanywa na Firauni. Wafasiri wetu walipotumia neno wachawi walifuata matini iliyokuwa mbele yao, na hapo hakuna la kuwalaumu.

Neno la Kimisri heka lilipata ajali ya namna hiyo. Heka ilikuwa nguvu iliyokuwako tangu kuumbwa kwa ulimwengu. Ilikuwa pia jina la mungu, na haikuwa mbaya wala nzuri. Wamisri walipokuwa Wakristo na kutafsiri Biblia katika Kikopti, neno hilo, sasa likitamkwa hik, lilitumika kutafsiri uchawi unaokatazwa. Neno lilikuwa lilelile, lakini heshima yake ilikuwa imekwisha.

Sisi nasi tunayo mifano ya kwetu. Sheria ya Uchawi ya Tanganyika ya mwaka 1928 iliweka chini ya neno moja la Kiingereza matendo mengi, hata dai tu la kuwa na ujuzi wa siri. Mbele ya neno hilo moja Kiswahili kina uchawi, ulozi, sihiri, uganga, kago, zinguo, azima, hirizi, talasimu, fingo na kombe, na msemaji mzuri hachanganyi hata mawili kati ya hayo. Zaidi ya hapo, si mara chache mwandishi wa vitabu huita chungu cha Mirgissa "dini ya Wamisri", kisha akageuka na kuita fingo la mji wa pwani "ushirikina". Mfasiri akifuata bila kufikiri, huwa amebeba upendeleo wa mwingine na kuutia muhuri wa Kiswahili.

Mapendekezo

Kwa sababu hizo tunatoa mapendekezo yafuatayo, tukitumaini wasomaji watayajadili.

Kwanza, sesh wa ghala, wa kodi na wa mahakama aitwe karani. Neno katibu, ambalo katika Kiarabu ni mwandishi, kwetu limekwisha kuwa cheo cha uongozi katika wizara na vyama, na lingepotosha.

Pili, sesh wa per ankh aitwe mwandishi wa Nyumba ya Uhai. Istilahi hii ni ndefu, lakini inasema kweli. Kumwita "mwandishi mtakatifu", kwa kufuata Kiyunani, kungemfanya mtu mwenyewe awe mtakatifu, ilhali kilichokuwa kitakatifu ni hati.

Tatu, khery-hebet aitwe kuhani msomaji.

Nne, heka ibaki heka, na mara ya kwanza ifafanuliwe kuwa ni nguvu itendayo ya neno na ya tendo la ibada. Hatari ya kuchanganywa na hekaheka ni ndogo, na mwalimu anaweza hata kuitumia kumfanya mwanafunzi asisahau.

Tano, maandishi ya vyungu vya Mirgissa yaitwe maandishi ya maapizo. Tendo la Akhenaten na Thutmose III liitwe ufutaji jina. Na mawe ya Horus yaitwe mawe ya kinga.

Mtu anaweza kusema kwamba mganga ni neno la heshima, na kwamba serikali yenyewe imekuwa na Mganga Mkuu. Ni kweli, na hatulipingi kwa kuwa ni la aibu. Tunalipinga kwa kuwa linataja kazi nyingine. Mganga huganga, hartumim waliandika na kusoma. Katika tafsiri za Maandiko, ambazo waumini wamezizoea, neno hilo linaweza kubaki na kupewa maelezo. Katika vitabu vya historia halina sababu ya kubaki.

Tamati

Andiko la mwisho la hieroglifi linalojulikana lilichongwa katika hekalu la Isis huko Philae tarehe 24 Agosti mwaka 394 B.K., na kuhani aitwaye Nesmeterakhem. Alitaka maneno yake yadumu milele. Lakini muda mfupi baadaye hakubaki mtu wa kuyatamka, na yalikaa kimya kwa zaidi ya miaka 1,400, mpaka Champollion alipotangaza mwaka 1822 kwamba amepata ufunguo wake.

Hata kitenzi chetu kuandika kina maana pana kuliko kuchora herufi. Tunaandika meza, yaani tunapanga vyombo. Tunamwandika mtu kazi, naye kuanzia siku hiyo ni mwajiriwa. Na jambo likitupata twasema tumeandikiwa. Mtumishi wa serikali anayejaza cheti cha kuzaliwa, hati ya shamba au amri ya mahakama anajua kwamba kabla ya saini yake hali ilikuwa moja, na baada yake ni nyingine. Anajua pia kwamba nguvu hiyo si ya mkono wake, na kwamba akiitumia kinyume cha idhini ataulizwa. Mwandishi wa Nyumba ya Uhai alijua hayo kabla yetu, na alikuwa na jina la kazi yake. Ni haki yake tulitafsiri kwa neno litakalomwachia kalamu mkononi.